Ahadi ni Deni: Lugha na Fumbo la Ushirikiano wa Binadamu

Utangulizi

Wahenga hawakukosea waliponena kuwa ahadi ni deni. Hata hivyo, iwapo binadamu ni kiumbe anayepima faida na hasara kabla ya kutenda, msemo huo una utata mkubwa kuliko unavyodhaniwa. Deni hulipwa kwa sababu lina mdai, lina hati na, panapo haja, lina mahakama. Ahadi ya mdomo aghalabu haina lolote kati ya hayo. Ni nini basi kinachomfanya mtu aitimize hata pale ambapo kuivunja kungemfaidi?

Chukua mfano wa chama cha akina mama kumi katika mtaa wowote nchini Kenya. Kila mwezi kila mmoja hutoa shilingi 1,000, na jumla ya shilingi 10,000 hukabidhiwa mmoja wao kwa zamu. Anayepokea mwezi wa kwanza ametoa shilingi 1,000 tu. Bado anadaiwa shilingi 9,000 katika miezi tisa ijayo. Akihama mtaa usiku wa manane, amekula shilingi 9,000 za wenzake. Wa pili naye ana kishawishi kama hicho, na wa tatu vilevile. Mwanachama wa kumi, kama ana akili timamu, anapaswa kuyaona haya yote mapema na kukataa kujiunga. Akikataa yeye, wa tisa ndiye anayekuwa wa mwisho, naye atakataa kwa sababu iyo hiyo. Kimantiki, chama hakiwezi hata kuanza. Ilhali vyama vya namna hii vimetapakaa kote nchini, sokoni, makanisani na maofisini. Na huko Tanzania desturi hii inajulikana kwa jina la upatu. Vingine huvunjika, naam, lakini vingi hukamilisha mzunguko mmoja na kuanza mwingine.

Makala haya yanashikilia kuwa fumbo hili halifumbuliki kwa hesabu ya faida peke yake, wala kwa mahubiri ya wema. Ufumbuzi wake, kwa sehemu kubwa, umo katika lugha: katika uwezo wa watu kuketi pamoja, kusemezana, kuwekeana masharti wanayoyaelewa wote na kukumbushana masharti hayo. Ikiwa dai hili ni la kweli, basi suala la lugha ya shughuli za umma nchini Kenya si suala la fahari ya utamaduni tu. Ni suala la maji, shule na barabara.

Hoja ya Mdandiaji

Nadharia ya uchaguzi wa kirazini hudai kuwa kila mtu, akikabiliwa na njia kadhaa za kutenda, huchagua ile inayomletea faida kubwa zaidi kwa gharama ndogo zaidi. Kutokana na msingi huu, mwanauchumi wa Marekani, Mancur Olson, alitoa hoja nzito mwaka 1965. Alieleza kuwa kundi kubwa la watu wenye maslahi ya pamoja halitayashughulikia maslahi hayo eti kwa sababu tu ni ya pamoja. Barabara ya kijiji ikikarabatiwa, hupitiwa na aliyechanga na asiyechanga. Kila mmoja basi ataona afadhali wenzake wachange, naye apite bure. Mtu huyu anaweza kuitwa mdandiaji, mithili ya kijana anayening'inia mlangoni mwa matatu bila nia ya kulipa nauli. Abiria wote wakiwa wadandiaji, gari halitatoka kituoni.

Hoja hiyo ilikuwa imetanguliwa na mchezo mashuhuri uliobuniwa mwaka 1950 na Merrill Flood na Melvin Dresher wa shirika la RAND, kisha Albert Tucker akauvisha hadithi ya wafungwa wawili. Washukiwa wawili wa kosa moja wanahojiwa katika vyumba mbalimbali. Wote wakinyamaza, watapata kifungo chepesi. Mmoja akimsaliti mwenziwe anayenyamaza, msaliti ataachiliwa huru na mwenziwe atafungwa miaka mingi. Wote wakisalitiana, wote watafungwa muda mrefu kuliko lau wangenyamaza. Kwa kila mmoja, liwalo na liwe, usaliti ndio wenye nafuu. Kwa wote wawili kwa pamoja, usaliti ni hasara. Naye mwanabiolojia Garrett Hardin, mwaka 1968, aliieneza hoja hii kwa mfano wa malisho ya pamoja: kila mchungaji hupata faida yote ya ng'ombe anayemwongeza, huku hasara ya majani kuisha ikigawanywa kwa wote. Mwishowe malisho huwa jangwa.

Ingekuwa ni ukaidi kuikana kweli iliyomo katika hoja hizi. Dereva anayepanda ukingo wa barabara ili kuwapita wenzake kwenye msongamano huokoa dakika zake na kuwaongezea wengine saa. Anayetupa taka mtoni huepuka gharama ya kuzizoa. Hekima ya Waswahili yenyewe inamtambua mdandiaji tangu jadi. Ndiposa mgeni huhesabiwa siku mbili, na ya tatu akapewa jembe.

Lakini mifano hii ina jambo moja ambalo hutajwa kwa kupitiwa tu. Wafungwa wa Tucker wametengwa, hawawezi kuzungumza. Wachungaji wa Hardin wanakutana malishoni kila siku lakini katika hadithi yake hawaambiani neno. Binadamu wa nadharia hii ana akili ya kupiga hesabu, ila hana ulimi. Je, ni haki kumpima binadamu kwa kipimo kilichoanza kwa kumnyang'anya kile kinachomtofautisha na viumbe wengine?

Kati ya Upanga na Mahubiri

Kwa muda mrefu fumbo hili limepewa majibu mawili. La kwanza ni upanga. Mwanafalsafa Mwingereza, Thomas Hobbes, aliandika mwaka 1651 kuwa mapatano yasiyolindwa kwa nguvu ni maneno yasiyo na uwezo wa kumlinda mtu. Kwa hivyo pawepo mtawala wa kuwatia watu hofu ili watimize waliyoahidi. La pili ni mahubiri: wananchi waambiwe wawe wazalendo, waache ubinafsi na kupendana.

Majibu yote mawili yanajulikana sana nchini, na yote yana upungufu. Upanga hushikwa na mtu, na mtu huyo naye ana maslahi yake. Askari anayepaswa kumzuia mdandiaji anaweza kupokea kitu kidogo na kuangalia kando; basi fumbo halijafumbuliwa, limehamishwa tu. Mahubiri nayo humtesa mwema. Anayeyasikia na kuyatii huchanga peke yake, huku jirani yake akidandia. Baada ya mwaka mmoja au miwili, mwema huyo huona amefanywa mjinga, naye huacha.

Mwanasayansi ya siasa Elinor Ostrom, aliyekuwa mwanamke wa kwanza kupewa Tuzo ya Nobel ya Uchumi mwaka 2009, alionyesha kuwa ipo njia ya tatu. Katika kitabu chake cha mwaka 1990 alichunguza jamii zilizotunza mali ya pamoja kwa vizazi bila kuiuza kwa mtu binafsi na bila kuikabidhi serikali. Mojawapo ni kijiji cha Törbel nchini Uswisi, ambako kanuni ya mwaka 1517 ilikataza mwanakijiji kupeleka malisho ya mlimani ng'ombe wengi kuliko wale awezao kuwalisha mwenyewe majira ya baridi. Ostrom aligundua kuwa jamii zilizofaulu zilikuwa na sifa zinazofanana: zinajua nani ni mwanachama na nani si mwanachama, waathiriwa wa kanuni ndio wanaozitunga, wanachunguzana wenyewe, adhabu huanza kwa wepesi na kupanda kwa kadiri ya kosa, na pana mahali pa karibu pa kutatulia mizozo.

Msomaji wa Kenya hana haja ya kwenda Uswisi kuyaona haya. Katika Bonde la Kerio, Wamarakwet wamemwagilia mashamba yao kwa mifereji iliyochimbwa na mababu zao kabla ya ujio wa ukoloni. Maji huteremshwa kutoka milima ya Cherangany, yakapitishwa penye majabali kwa kutegemezwa mawe, magogo na matawi. Mifereji hiyo ni ya koo. Maji hutumiwa kwa zamu. Ukarabati hufanywa kwa pamoja. Na mizozo hupelekwa katika kokwo, yaani baraza ambamo watu huketi na kusemezana. Ikumbukwe kuwa hapana bwana mmoja aliyekuwa akishika upanga juu ya mfereji. Palikuwa na baraza.

Neno na Uzito Wake

Baraza ni nini, kama si mahali pa maneno? Hapa ndipo nadharia ya uchaguzi wa kirazini hutatizika zaidi. Kwa mujibu wa nadharia hiyo, mazungumzo yasiyo na nguvu ya sheria hayabadilishi faida wala hasara ya mtu, kwa hivyo hayapaswi kubadilisha matendo yake. Ostrom na wenzake, James Walker na Roy Gardner, walilijaribu dai hili na kuchapisha matokeo mwaka 1992. Washiriki walipewa fursa ya kuchota faida kutoka mfuko wa pamoja ambao ungepungua iwapo wote wangechota kwa pupa. Waliokaa kimya walichota kwa pupa. Walioruhusiwa kuadhibiana bila kuzungumza walitozana faini hadi faini hizo zikala faida waliyookoa. Walioruhusiwa kuzungumza, hata bila adhabu yoyote, walifanya vizuri zaidi; na waliozungumza kisha wakakubaliana wenyewe juu ya adhabu walifanya vizuri kuliko wote. Mwaka 1995, David Sally alikusanya majaribio ya aina hii yaliyofanywa tangu mwaka 1958 hadi 1992, akabaini kuwa mazungumzo ni miongoni mwa mambo yanayoongeza ushirikiano kwa kiasi kikubwa mno.

Ushahidi mwingine unatoka Kenya yenyewe. Kikundi cha wanaanthropolojia na wanauchumi walifanya michezo ya fedha katika jamii ndogo 15 duniani, na matokeo yakachapishwa mwaka 2001 na 2004. Miongoni mwa jamii hizo walikuwemo Waorma, wafugaji wa eneo la Mto Tana, waliotafitiwa na Jean Ensminger. Katika mmojawapo wa michezo hiyo, wachezaji hupewa fedha, na kila mmoja huamua kwa siri atatia kiasi gani katika kapu la pamoja. Kilichomo kapuni huongezwa maradufu na kugawanywa sawasawa kwa wote. Iwapo wachezaji ni wanne na kila mmoja ana shilingi 50, wote wakizitia zote kila mmoja huondoka na 100. Mmoja akizificha zake huku watatu wakitoa, yeye huondoka na 125 na wenzake 75. Mwenye kupima faida yake peke yake hatatia hata ndururu.

Waorma walitia zaidi ya nusu ya fedha walizopewa. Lenye kuvutia zaidi ni jina. Walipoelezwa mchezo huo, wao wenyewe waliupa jina: mchezo wa harambee. Mtafiti hakuwafundisha jina hilo. Neno lililokuwa wito wa watu wanaovuta mzigo kwa pamoja, na ambalo Jomo Kenyatta alilifanya mwito wa taifa wakati wa uhuru mwaka 1963, lilikuja na kanuni zake: kwamba mwenye nacho hutoa, kwamba mkutano huona, kwamba leo ni kwako na kesho ni kwangu. Mchezo mgeni ukapata mila kwa kupata jina. Huo ndio uzito wa neno.

Kwa mwanga huu, chama cha akina mama kumi kinaeleweka. Kabla ya shilingi ya kwanza kutolewa, wanachama wameketi. Wamekubaliana siku ya kukutana, faini ya anayechelewa, na utaratibu wa zamu. Mara nyingi mgeni huwekwa mwisho, na anayeaminika ndiye hutangulia. Katibu ameandika. Hata faida za chama si zile ambazo nadharia ingezihesabu: utafiti wa Siwan Anderson na Jean-Marie Baland uliofanywa Kibera na kuchapishwa mwaka 2002 ulionyesha kuwa wanawake wengi walioolewa hujiunga ili kuikinga akiba yao isichukuliwe na waume zao. Kauli kwamba hizi ni pesa za chama ni ngao ambayo mtu mmoja, akiweka akiba peke yake, hana.

Busia na Meatu

Yaelekea kuna swali hapa. Chama ni cha watu wanaojuana. Taifa ni la watu wasiojuana, na nchini Kenya ni la watu wa lugha nyingi. Je, hoja ya lugha inaweza kuvuka kutoka chama hadi taifa?

Mwaka 2005, watafiti Edward Miguel na Mary Kay Gugerty walichapisha uchunguzi wao kuhusu shule za msingi na visima magharibi mwa Kenya. Waligundua kuwa mahali penye mchanganyiko mkubwa wa makabila, michango ya shule ilikuwa midogo na visima havikutunzwa vyema. Kiini hakikuwa chuki. Ilikuwa vigumu kwa kamati kumwajibisha asiyechanga pale alipokuwa wa kabila jingine. Lawama ya jirani haikuwa na makali nje ya mipaka ya kabila.

Mwaka mmoja kabla ya hapo, Miguel alikuwa amechapisha ulinganisho kati ya Busia nchini Kenya na wilaya ya Meatu nchini Tanzania, maeneo mawili ya mashambani yenye mchanganyiko wa makabila. Huko Meatu, mchanganyiko huo haukuandamana na upungufu wa michango ya shule kama ilivyokuwa Busia. Maelezo aliyoyatoa ni sera za kujenga taifa baada ya uhuru, na miongoni mwazo ni kukuza Kiswahili shuleni na katika shughuli za umma.

Ni sharti ushahidi huu upimwe kwa uangalifu. Wilaya mbili si nchi mbili, na Kiswahili kilikuwa sera moja miongoni mwa nyingine, pamoja na mitaala na serikali za vijiji. Aidha, wakazi wa Busia nao hukizungumza Kiswahili. Tofauti, basi, haiwezi kuwa ni kukijua au kutokijua. Yawezekana iko katika kazi ambayo lugha hiyo imepewa. Tanzania ilikipa kazi ya kuendesha kikao cha kijiji, kuandika kumbukumbu na kumuuliza asiyechanga sababu yake. Kenya ilikipa kazi ya sokoni na ya jukwaa la siasa, huku kanuni zenye kufunga watu zikiandikwa kwa Kiingereza.

Pingamizi

Huenda pakasemwa kuwa lugha moja haijawahi kuzuia maangamizi. Pingamizi hili lina nguvu. Karibu Wanyarwanda wote huzungumza Kinyarwanda, na bado mwaka 1994 palitokea mauaji ya halaiki ambayo redio iliyachochea kwa lugha hiyohiyo. Wauaji nao walishirikiana. Ushirikiano, kwa hivyo, si wema kwa kila hali, na neno linalofunga watu pamoja laweza kuwafunga dhidi ya wengine. Hata mifereji ya Wamarakwet ina dosari: kwa desturi, uamuzi juu ya maji ulikuwa wa wanaume, ilhali wanawake ndio waliotumia muda mwingi mashambani. Swali la nani ameketi barazani ni muhimu sawa na swali la lugha inayozungumzwa humo.

Pingamizi la pili ni kuwa harambee yenyewe ilipotoka. Ndivyo. Kadiri miaka ilivyosonga, mchango wa hiari uligeuka kuwa amri ya chifu kwa maskini na jukwaa la mwanasiasa kujionyesha, hata Sheria ya Maadili ya Maafisa wa Umma ya mwaka 2003 ikalazimika kuweka mipaka. Lakini upotovu huu unaithibitisha hoja badala ya kuivunja. Harambee iliponyauka ni pale watu walipoacha kuulizwa na wakaanza kuambiwa. Jina lilibaki, mazungumzo yaliyolipa jina uzito yaliondolewa.

Hitimisho

Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 ilifanya mambo mawili ambayo hayajaunganishwa ipasavyo. Ilikifanya Kiswahili kuwa lugha rasmi pamoja na Kiingereza, na ilifanya ushirikishaji wa wananchi kuwa mojawapo ya maadili ya utawala. La kwanza bila la pili ni pambo. La pili bila la kwanza ni mchezo wa wafungwa wa Tucker: watu wameitwa ukumbini, lakini nyaraka za bajeti ziko katika lugha ambayo wengi wao hawawezi kubishana ndani yake. Anayetia sahihi asichokielewa hajaahidi kitu, na asiyeahidi hana deni.

Hapa pana kazi kwa mwanafunzi wa Kiswahili, nayo si ya kuandika tenzi za kukisifu. Kanuni za kamati za maji, katiba za vyama vya ushirika, kumbukumbu za mikutano ya wazazi na rasimu za bajeti za kaunti zinahitaji kuandikwa kwa Kiswahili ambacho mwenye shamba na mwenye kibanda wanaweza kukisoma na kukipinga. Kiswahili cha kutatiza, kilichojaa misamiati ya kuokotwa kamusini, hakitamfaa mtu huyu kuliko Kiingereza kinavyomfaa. Kazi hii haina sherehe wala tuzo, na anayeifanya hatakosa wadandiaji watakaofaidi jasho lake.

Nadharia ya uchaguzi wa kirazini imetoa huduma kubwa kwa kuonyesha kuwa ushirikiano si jambo la kuchukuliwa kuwa la kawaida. Ilipokosea ni pale ilipomweka binadamu kizimbani na kumnyima ulimi. Akina mama kumi wa mtaani hawajaikanusha hesabu yake. Wanajua kujumlisha na kutoa kama mtaalamu yeyote. Wameketi kwanza, wakasemezana, wakaandika, na mwezi ujao watakutana tena.